Honorable Aliyetuletea Bac

Kwanza niseme wazi: Honorable hakuwahi kuwa honorable. Kwetu Kisangani jina hilo ni la wabunge, na yeye ubunge aliugombea kila uchaguzi, na kila uchaguzi akaukosa. Ila mara ya kwanza alipogombea, mabango yake yaliandikwa HONORABLE kwa herufi nene kabla hata watu hawajapiga kura. Nadhani alitaka kuokoa muda. Alishindwa vibaya. Mabango yakabaki kwenye kuta na miti ya kisiwa chetu mpaka mvua ikayamaliza, nasi tukaendelea kumwita hivyo, kwanza kwa kumcheka, halafu kwa mazoea. Baadaye hakuna aliyekumbuka kwamba ulikuwa mzaha, na yeye mwenyewe hakuwahi kujua.

Cheo chake halisi kilikuwa chef, yaani mkuu, wa kisiwa, kazi ya kuteuliwa, si ya kura. Kisiwa chetu ni kidogo, kimelala katikati ya mto mbele ya mji. Tuna shule moja, ambako mimi nafundisha, tuna kanisa, msikiti wa mbao, mashamba ya mihogo na nyavu nyingi zilizoanikwa. Daktari hatuna. Mtu akizidiwa anavushwa kwa pirogi, mtumbwi wetu, kwa nguvu za mikono, na mto ukijaa hata wapiga kasia wa Wagenia, waliozaliwa juu ya maji hayo, wanayatazama kwanza kabla ya kusukuma. Hilo la kuvuka ndilo lililokuwa shida yetu kuu, na nyumbani kwetu lilikuwa shida kuliko kwa wengine. Nitalifikia.

Honorable alizaliwa wapi na kwa nani, aliyasimulia tofauti kufuatana na nani anayesikiliza, kwa hiyo nayaacha. Ninachojua ni kwamba kazi aliipata matangani. Chef wa zamani alipofariki, yeye ndiye aliyetafuta maturubai, akakopa viti vya kanisa na mikeka ya msikiti, akasimamia kahawa isikauke, akapanga waimbaji wapokezane. Mkubwa mmoja aliyevuka kutoka mjini kuja kutoa pole aliketi kwenye kiti kizuri, akapewa samaki wa liboke akiwa bado moto ndani ya majani, akauliza nani amepanga vitu hivi vyote. Baada ya muda si mrefu Honorable akawa na muhuri wa chef.

Na hapo lazima niwe mkweli, ingawa ukweli huu unanikera: kwenye msiba hakuwa na mwenzake. Alifika kabla ya binamu za marehemu. Alilala kwenye mkeka pamoja na wafiwa, akabeba jeneza kwa bega lake mwenyewe, akashuka kaburini na suruali yake ya suti. Siku mto ulipotuletea maiti ya mtu asiyejulikana, watu walisimama mbali wameziba pua, na yeye alivua koti akachimba. Alilia, na machozi yalikuwa ya kweli, hayo hayaigizwi. Majina ya marehemu wote wa kisiwa aliyajua kwa kichwa. Majina ya walio hai yalimsumbua kidogo, alituita sote mama na papa. Mara nyingi niliwaza kwamba mtu huyu ningempenda sana kama ningekuwa maiti.

Kwa wavuvi Wakristo wa upande wa juu alikuwa Mkatoliki wa kubatizwa. Kwetu sisi Waislamu wa upande wa chini, ambao mababu zetu walifika zamani na misafara ya biashara wakabaki, alikuwa mtoto wa nyumbani. Ijumaa alivaa kofia, Jumapili alikumbatia Biblia. Aliijua Fatiha nusu na Baba Yetu nusu, na nina hakika kuna siku alizishona pamoja, maana nilimsikia imamu akikohoa bila kuwa na kikohozi. Ramadhani alifunga kwa moyo wote mpaka saa nne asubuhi.

Na vyama pia alivihama hivyohivyo, bila kinyongo na chochote alichokiacha. Kila uchaguzi alitujia na fulana na kofia za rangi mpya, akasema chama cha zamani kilimdanganya. Faida yake ni kwamba kisiwa chetu hakijawahi kukosa vitambaa vya kushikia sufuria. Bibi yetu alikuwa na foronya tatu zenye sura yake, na alisema analala vizuri maana sura ile haina fikra za kumsumbua.

Alivaa koti lenye lebo ya duka bado kwenye mkono, akaamini lebo hiyo ni sehemu ya urembo. Kwapani alibana mkoba wa ngozi. Siku moja mkoba ulifunguka shuleni kwangu, mbele ya wanafunzi, zikatoka taulo na karanga za kukaanga. Aliokota karanga zote, moja moja, akaniambia kwa sauti ya chini, "Madame, ile ni ya mission," yaani ya safari ya kikazi. Wanafunzi wangu walicheka mpaka nikashindwa kuendelea na somo la hesabu.

Chef wa kisiwa aliogopa maji. Hili watu wa ng'ambo hawaliamini nikiwaambia. Akipanda pirogi alikaa chini kabisa, sakafuni, akashika kingo mbili kwa mikono miwili na kufumba macho mpaka akanyage nchi kavu. Ukimuuliza kama anaumwa, alisema anatafakari dossier, yaani faili la kazi. Wapiga kasia walikuwa wakipita makusudi palipo na mawimbi ili aitafakari vizuri.

Dossier ndilo lilikuwa neno lake. Kila kitu kilikuwa dossier: paa la shule, kisima, hata mbuzi wa jirani aliyekula mihogo ya watu. Na kila dossier ilikuwa iko. Wanaozungumza Kiswahili cha pwani wakisema kitu kiko, unangoja wakuambie kiko wapi. Kiswahili chetu hakina haraka hiyo. Kwetu iko ni iko tu, inatosha kwa mtu, kwa samaki, kwa njaa na kwa ahadi, na Honorable aliishi ndani ya neno hilo miaka yote.

"Honorable, bati za masomo iko wapi?" wazazi walimuuliza juu ya paa la shule.

"Iko."

"Wapi?"

"Iko, papa. Dossier iko en cours." Yaani inashughulikiwa.

Sasa niseme la nyumbani kwetu.

Mdogo wangu Zaina aliolewa na Ramazani, mpiga kasia, mtu mpole asiyesema sana. Mimba yake ya kwanza ilifika mwisho wakati wa mvua. Uchungu ulimshika asubuhi, mto umejaa, magogo yanapita. Ramazani na wenzake wawili walipiga kasia, mimi nikakaa nyuma ya Zaina nimemshika mabega. Mji tuliuona muda wote. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo, kwamba tuliuona, tuliona hata pikipiki zikipanda kutoka beach, yaani pale bandarini, na watu wakinunua mkate. Maji yalituburuta chini, wanaume wakaturudisha juu, yakatuburuta tena. Mtoto alizaliwa katikati ya mto, kwenye sakafu ya pirogi, na hakulia. Mkunga wa ng'ambo alipompokea alimgeuza, akampiga mgongoni, akamfunika. Alisema tungefika mapema kidogo angeweza kumwokoa. Alisema kwa huruma, lakini natamani asingesema.

Honorable alikuwa wa kwanza kufika kwenye matanga. Alileta sukari na kahawa, akakaa kwenye mkeka, akalia pamoja nasi, na Zaina, ambaye alikuwa hajatoa chozi, alimtazama namna anavyolia kama mtu anayetazama kazi ya fundi. Wanawake wa kisiwa walitumia nafasi hiyo. Mama Ndjoli, muuza kwanga, ile mikate ya muhogo, alisimama kwa niaba yao akaomba kitu kimoja tu: pirogi yenye mota, ikae hapa kisiwani, kwa ajili ya wagonjwa na wajawazito. Alisema hawataki kingine mwaka huo.

Honorable alipangusa macho. Nilimwona akibadilika pale pale, kifua kikajaa.

"Pirogi ni kitu ya bavuvi, bamama," alisema. "Mimi nitaleta bac."

Bac ni kivuko cha chuma, kile kikubwa kinachobeba malori kwenye barabara ya Banalia, wasafiri wa Bengamisa wanakijua. Kisiwa chetu hakina hata gari moja. Gati la kuegesha chombo kama hicho hatuna, na mchanga wetu usingekibeba. Lakini neno lilikuwa kubwa na zuri, na watu waliokuwa wanaomba kitu kidogo waliona aibu kukidai tena. Hiyo ndiyo ilikuwa hila yake, na sidhani kama alijua kwamba ni hila. Ukimwomba kikombe alikuahidi mto, halafu ulirudi nyumbani na kiu yako na bado ukamshukuru.

Miezi ilipita, Zaina akashika mimba nyingine. Sote tulifurahi na sote tuliogopa, na hakuna aliyeitaja hofu hiyo mbele yake. Jioni alikuwa anakaa ukingoni anatazama maji, mkono tumboni. Aliniuliza mimi dada yake mara moja tu, "Yaya, ile bac itakuya kweli?" Nikamjibu kwamba sijui. Nisingeweza kumdanganya mdogo wangu.

Wakati huo, mjini kuliitishwa mkutano wa machef wote. Honorable alichelewa, kwa sababu pirogi ilipita palipo na mawimbi, akaingia ukumbini wengine wakiwa katikati ya mazungumzo. Hakuuliza mkutano unahusu nini. Kuuliza kungepunguza heshima. Alipopewa nafasi alisimama, akahutubia kwa Kifaransa kirefu juu ya wananchi wake waliosahauliwa na juu ya akina mama wanaoteseka, na mwisho akapiga meza: kisiwa chake kinahitaji kitu kimoja, bac, na hatakaa chini mpaka kipatikane. Watu walipiga makofi. Mkubwa aliyeongoza mkutano alimsifu mbele ya wote kuwa chef mwenye mwamko, akamwahidi bac ndani ya mwezi huo. Honorable alirudi kisiwani amesimama ndani ya pirogi, kwa mara ya kwanza na ya mwisho maishani mwake.

Mkutano ulihusu usafi wa mji. Haya tuliyajua baadaye, kwa mmoja wa machef wenzake aliyekuwa akisimulia na kujipiga mapaja. Kwa Kifaransa, bac ni kivuko, na bac ni pipa la takataka vilevile.

Siku ya mapokezi kisiwa kizima kilishuka ukingoni. Akina mama walishona maputa ya kitenge ya rangi moja. Wanafunzi wangu walifundishwa wimbo, na aliyewafundisha ni mimi, kwa sababu nilitaka kuamini kama wengine. Zaina aliwekewa kiti mbele kabisa, tumbo lake limeshaonekana vizuri, na Honorable alisimama karibu naye na utepe wa rangi tatu mkononi. Ngoma zilipigwa. Kutoka ng'ambo zilikuja pirogi mbili zilizofungwa pamoja kwa kamba, na juu yake kitu cha chuma, cha kijani, kikubwa kama kitanda cha watu wawili, kina mdomo wazi na mikono miwili pembeni. Watu walinyoosha shingo kutazama nyuma yake, wakingoja bac itokeze.

Kitu cha kijani kilishushwa mchangani. Kiliandikwa ubavuni: WEKA TAKATAKA HAPA.

Ngoma zilinyamaza moja baada ya nyingine. Honorable alikitazama, akazunguka nyuma yake, akarudi mbele. Nilimhurumia, kwa muda mfupi sana. Kisha akakohoa.

"Bon," alisema. "Bac imefika."

Akakata utepe. Akaanza hotuba juu ya uchafu kuwa adui wa maendeleo, na nakuapia alikuwa anaitunga bila kigugumizi, utadhani aliiandika wiki nzima. Papa Ndjoli, mzee mvuvi, mume wa yule muuza kwanga, alinyoosha mkono kwa adabu.

"Honorable, ule mutu mugonjwa tunamuweka ndani, ao tunamufunga huku inje?"

Watu walicheka mpaka wengine wakakaa chini. Nilicheka hata mimi. Nilipogeuka kumtazama Zaina, alikuwa ameshaondoka kwenye kile kiti, anapanda njia ya kwenda nyumbani polepole, peke yake, mkono mmoja kiunoni. Hasira iliyonishika wakati ule sijaimaliza.

Pipa lenyewe hakuna aliyelitumia kwa kazi yake, maana kwetu maganda yanakwenda shambani na lori la kuja kulizoa lingetokea wapi. Akina mama walilisugua, wakalijaza maji, wakaloweka mihogo ya kwanga. Wageni wa chama walipokuja, Honorable aliwapeleka kuliona, akawaambia ni mradi wa usindikaji wa chakula.

Siku chache baadaye alipita uwanjani kwetu, kwa desturi yake ya kusalimia. Zaina alikuwa anachambua pondu, majani ya muhogo, kwa chakula cha mchana. Honorable alimuuliza hali, akamwambia asiogope, chef wake iko, atakuwa pamoja naye.

Zaina hakuacha kuchambua. "Honorable," alimwambia, "mara hii usikuye kunililia."

Alicheka. Alidhani ni utani, akanigeukia mimi ili nicheke naye. Mimi sikucheka, akaaga, akaenda zake.

Wiki hiyohiyo Zaina alifunga nguo zake na kuvuka, mto ukiwa bado mtulivu. Alikwenda kwa mama mdogo wetu, mtaa wa Mangobo, akalala kwenye koridoo kati ya magunia ya makaa na baiskeli, kwa muda wote uliobaki. Mama mkwe alisema mke gani anazaa mbali na nyumba ya mume. Ramazani, yule mpole, alimjibu mama yake kwamba mtoto wa kwanza alizaliwa karibu sana na nyumba. Uchungu ulipomshika, Zaina alipelekwa kwa pikipiki, akafika, akazaa msichana aliyelia mpaka wauguzi wakacheka. Tulimwita Salama.

Na nani alitokea wodini kabla mtoto hajafungua macho vizuri? Alikuja na mpiga picha na fulana tano. Alimbeba Salama, akatabasamu, akapigwa picha, akamwambia muuguzi kwamba hayo ni matunda ya kuwapigania akina mama. Picha ile ilitoka kwenye bango la uchaguzi uliofuata: Honorable, mtoto mikononi, na chini yake maneno kwamba kisiwa kinavuka salama. Zaina alipoliona bango pale beach alisimama mbele yake kwa muda, akamtazama mtoto wake mwenyewe, akaenda kununua chumvi.

Uchaguzi huo akina mama hawakufanya fujo wala mkutano. Walikwenda kupiga kura na nyuso zilezile za kila mara, wakavaa hata fulana zake. Kura zilipohesabiwa, Honorable alikuwa ameshindwa hata kisiwani, mahali ambapo alikuwa hajawahi kushindwa. Alisema wametuibia. Alisema watu wa nje ndio waliokuja kuharibu. Lakini nilimwona akizunguka kwenye njia zetu wiki ile, akitazama kila mwanamke usoni, na kila mwanamke akimsalimia vizuri, akimuuliza hali ya watoto. Nadhani hilo ndilo lililomvunja. Baadaye muhuri ulikwenda kwa mwingine, naye akavuka kwenda kwa binti yake, mtaa wa Makiso, na hakurudi. Watu walisema anaumwa.

Chef mpya hahutubii. Pirogi yenye mota bado hatuna. Wajawazito wetu sasa wanafanya kama Zaina, wale walio na shangazi mjini.

Nilimwona mwisho msimu wa mvua uliopita. Tulikuwa beach, mimi na Zaina na Salama, ambaye sasa anakimbia na kuuliza kila kitu, tunangoja Ramazani atuvushe. Honorable alikuwa amekaa kwenye kreti la bia karibu na wauza samaki, amekonda, koti limemshinda, anatazama upande wa kisiwa. Alitufurahia kweli. Alishika mkono wangu akaniita Madame, akashika wa Zaina akamwita mama. Aliuliza nani amekufa siku hizi. Tulimwambia hakuna. Aliuliza tena, "Hata mumoja?" na nikaona kwamba amekosa kazi.

Nikamuuliza kwa nini harudi nyumbani, maana nyumba yake iko, ukuta umeanguka upande mmoja tu. Akatikisa kichwa, akatusogelea, akazungumza kama mtu anayetoa habari ambayo bado haijatufikia.

"Madame, docteur alinikataza kabisa kukaa kule. Iko na haki. Na hii tension yangu ya damu, siku crise itanikamata, ninavuka na nini? Pirogi? Mayi iko mingi, nguvu iko mingi. Mutu anaweza kufa katikati ya mayi, munaona mji na macho, na hamufike." Alimgeukia Zaina ili akubaliane naye. "Ni kitu ya kuogopa sana, mama. Mutu hawezi kuishi vile."

Nilitafuta usoni mwake kama anajua anazungumza na nani. Hakuwa anajua. Alikuwa anaogopa tu, kwa moyo mweupe kabisa, na macho yake yalikuwa yamejaa machozi.

Ramazani alikuwa ameshafika, ameshika ukingo wa pirogi. Zaina alimnyanyua Salama akamkalisha katikati, palipo kavu, akamfunga kitambaa kichwani kwa sababu ya upepo. Kisha akasimama ndani ya maji mpaka magotini, akamtazama yule mzee.

"Sisi docteur hakutukataza," alisema, akapanda.